Neno "Kupaa" Lilivyofika Diff Kabla Yangu

Tangu nirudi mmekuwa mkiniuliza swali lilelile kwenye kundi letu: eti ni kweli nilienda mpakani kumtafutia binamu yangu kazi ya baa? Nimejaribu kuandika jibu fupi, na kila jibu fupi lilinifanya nionekane mwenye hatia zaidi. Basi hili hapa refu. Chemsheni chai kwanza.

Mambo ya tiketi na vibali nayaacha. Yalikuwepo, yalichosha, yamekwisha.

Garissa, ambako nilishindwa kuondoka

Binamu mwenyewe anaitwa Ifrah. Baba yake ni Adeer Bare, ndugu mdogo wa baba yangu. Kwetu adeer ni ndugu wa baba na abti ni ndugu wa mama, na nawaomba mshike tofauti hiyo kwa sababu hadithi nzima imekaa juu yake. Ifrah alisoma bweni hapa Garissa, akamaliza kidato cha nne, akarudi kwao Diff, kule Wajir Kusini, ambako mbuzi akikosa adabu kidogo anajikuta Somalia. Akiwa huko akapata nafasi ya kusomea ufundi wa ndege Nairobi. Masomo yalikuwa yanaanza wiki iliyofuata, na asiyefika siku ya kwanza nafasi yake anapewa mwingine.

Mama yake alifariki Ifrah akiwa mdogo, na kwetu mama akifariki sauti yake huhamia kwa kaka zake. Kwa hiyo ruhusa ilitakiwa kutoka pande mbili. Adeer alikuwa ameshakubali. Aliyebaki ni Abti Dahir wa Hulugho, mtu wa ng'ombe wengi na maneno machache.

Adeer akanipigia simu niende na vitabu vya kazi hiyo, vyenye picha, ili Abti aione kwa macho yake. Tuliongea Kisomali kama kawaida mpaka alipofika kwenye neno moja alilolitaka kwa Kiswahili. Ni lazima mjue kwamba Adeer ni mwenyekiti wa wazazi wa shule ya msingi, na uenyekiti huo aliupata kwa Kiswahili chake. Walimu wetu wengi hutoka mbali, na yeye ndiye huongea nao kwa niaba ya mji mzima. Tatizo ni kwamba alikuwa amemwambia mtu binti yake atakuwa "fundi ya ndege", na mtu huyo akamuuliza kama anatibu na kuku.

Nyinyi mnajua ndege wa manyoya anaruka, ndege ya chuma inaruka. Herufi hizo ndizo zinazotenganisha uwanja wa ndege na banda la kuku. Kiswahili chetu cha huku hakina muda nazo. Kila kitu ni "hiyo". Adeer alitaka neno lisilo na manyoya.

Nami, kwa shahada yangu ya fasihi, nikampa. Nikamwambia aseme Ifrah anasomea mambo ya kupaa, kwa sababu kuku hapai. Akalirudia mara mbili au tatu ili lisimpotee. Simu ilikuwa inakwaruza, nikaridhika.

Kisha nikajaza katoni. Mnakumbuka tasnifu yangu ilihusu kuruka katika vitabu. Nilidai kwamba kila mtu anayeota mbawa katika hadithi anakimbia kitu: mume, mfalme, njaa, kijiji. Hakuna anayeruka kwa sababu ana shughuli upande wa pili. Msimamizi wangu aliandika pembeni "Una hakika?" nami nikaona ni wivu. Kwa hiyo katika katoni niliweka vitabu viwili tu vya ufundi, vyenye michoro ya injini zilizopasuliwa kama papai, na vilivyobaki vyote vilikuwa hadithi na mashairi ya watu wanaoruka. Nilitaka Ifrah aelewe kwamba anatoroka, na kwamba si vibaya. Mimi mwenyewe nataka kutoroka tangu zamani, sema sijui kutoka wapi. Ndege nimeiona kwa chini tu.

Lori lilikuwa liondoke baada ya swala ya alfajiri. Dereva akasema tunasubiri magodoro. Magodoro yakaja, tukasubiri mwenye magodoro. Mwenye magodoro akaja, akasema si yake. Tuliondoka baada ya adhuhuri, tukiwa na magodoro yasiyo na mwenyewe, na mimi nimeshakunywa chai ya maziwa ya ngamia mpaka tumbo linaongea.

Garissa hadi Dadaab: askari msomaji

Kwenye kizuizi kimoja askari alitaka kujua katoni ina nini. Nikasema vitabu. Akauliza vya nini. Nikasema vya ndege. Akauliza ndege gani, na hapo ningeweza kujibu kama mtu mzima, lakini nikamwambia wa aina zote.

Akakifungua cha juu, na bahati yangu mbaya kilikuwa kile cha injini. Sasa fikirieni: kijana wa Kisomali, anaelekea mpakani, ana mchoro wa injini ya ndege unaoonyesha kila bomba. Yule askari alinitazama, akautazama mchoro, akanitazama tena. Dereva akazima lori. Abiria wa juu ya magodoro wakaanza kushuka mmoja mmoja, kwa utaratibu, kama watu waliozoea.

"Kijana," askari akasema, "wewe unataka kurusha ndege?"

"Hapana, afande. Binamu yangu anataka kuitengeneza."

"Imeharibika?"

"Bado hajaanza."

Jibu hilo halikutusaidia. Akaagiza katoni yote itolewe chini ya mgunga, akaanza kukagua kitabu kimoja baada ya kingine. Cha tatu kilikuwa mkusanyiko wa hadithi, na ndani yake mna moja ya mtu aliyejishonea mbawa za makuti ili awatoroke wakwe zake. Askari akasoma mstari wa kwanza kwa sauti ya mashtaka. Mstari wa pili akausoma polepole. Halafu akakaa juu ya jerikeni, akavua kofia, akaendelea kusoma bila sauti.

Hatukuwa na la kufanya ila kungoja amalize. Dereva akaomba tuondoke, askari akainua kidole bila kuinua macho. Mama mmoja akatoa sambusa, tukala. Magari mengine yalipita yakitupigia honi. Mwishowe askari akafunga kitabu akiwa amekunja uso.

"Hii hadithi si ya kweli," akasema. "Huyu jamaa ameruka nchi nzima na hakuna mahali amekula."

Nikataka kubishana naye, halafu nikapitisha katika akili yangu watu wote wanaoruka ninaowajua vitabuni. Hakuna aliyekula. Nilisoma miaka minne na sikuliona hilo. Akaturuhusu, lakini kitabu akabaki nacho. Kuna hadithi nyingine mbili hakuwa amezimaliza, akasema nitakichukua nikirudi.

Dadaab: ndege wazuia ndege

Lori la magodoro lilikuwa linaishia Dadaab, na tulifika usiku, nikalala hapo. Kutoka hapo hadi Diff ilikuwa nipande lori la maji, na asubuhi dereva wake, Kuno, alikuwa bado anajaza. Kujaza tangi si kazi ya dakika, kwa hiyo nikatembea mpaka karibu na kiwanja cha ndege, nikitumaini kuona walau moja ikitua. Mtu anayejidai mtaalamu wa kuruka anapaswa kuwa ameona tukio hilo kwa karibu.

Ilikuwapo ndege moja ndogo nyeupe inazunguka angani. Haikuweza kutua kwa sababu kiwanjani walikuwa wamesimama makorongo, wale wakubwa wenye vipara na shingo nyekundu mnaowaona jalalani Garissa, wametulia kama wazee wanaosubiri kikao kianze. Mtu mmoja akawakimbilia na fimbo. Wakapisha hatua mbili, wakarudi. Akaja mwingine na pikipiki. Wakaipisha pikipiki, wakarudi. Ndege ikazunguka tena. Nilicheka mpaka mlinzi akaniuliza kama nina ndugu humo ndani.

Njaa ikanipeleka kwenye hoteli ya mama mmoja anayeitwa Fardowsa, ambaye hupika tambi kwa nyama ya ngamia na kukuwekea ndizi mbivu kando. Wageni wakiona ndizi hudhani ni tunda la baadaye. Sisi tunaila pamoja na tambi, na asiyependa atuachie. Fardowsa alikuwa akiniongelesha Kiswahili kwa sababu ya miwani yangu. Akauliza ninakwenda wapi. Nikasema Diff, kwa Bare mwenyekiti.

Mkono wake ukasimama. Akarudi jikoni, akaja na vipande vingine vya nyama, akaviweka kwenye sahani yangu bila kuombwa.

"Bole sana," akasema. "Bare ni mtu mzuri. Lakini mtihani ni ya Mungu."

Nikajua kuna msiba. Nikatoka nje na mkono bado una mafuta, nikampigia Adeer. Akapokea akicheka. Alikuwa mzima, Ifrah mzima, mbuzi wazima, mvua ilikuwa imenyesha. Jambo moja tu lilimshangaza: watu wa Diff siku hizi walikuwa wakimsalimia kwa kumshika mkono muda mrefu. Alidhani ni heshima ya kuwa na binti msomi. Nikarudi nikamalizia nyama ya rambirambi, na sikuelewa kitu.

Dadaab hadi Diff, kwa lori la maji

Mbele ya lori tulikaa watatu: Kuno, mimi, na katikati yetu mwalimu wa Diff aliyekuwa ametoka kununua vitu vyake Dadaab. Alijitambulisha kama Mwalimu Mutiso, mtu wa Machakos, mgeni aliyefika muhula huu. Mimi nilitaja jina langu tu, Liban, na Liban kwetu ni wengi kama mawe.

Lori la maji halina haraka. Kila penye watu linasimama, punda wanakuja na mitungi, mpira unafunguliwa, watu wanagombana nani alitangulia, Kuno anaamua, anatukanwa, tunaondoka. Kadiri tangi linavyopungua ndivyo lori linavyokuwa jepesi na kuruka kwenye mashimo, mpaka kichwa changu kikazoeana na paa la gari. Kwenye lagha moja, yaani mto wa msimu wa mvua, tulikwama katika tope, tukalisukuma wote. Baada ya hapo, kama kawaida ya watu waliosukuma gari pamoja, Mwalimu akafunguka.

Akasema Diff ni mji mzuri na watu wana dini, ndiyo maana jambo moja limemchanganya. Mwenyekiti wa wazazi, mzee wa heshima kabisa, alikuja shuleni akiwa na furaha, akamwambia binti yake anakwenda Nairobi kusomea mambo ya baa.

Nikauliza ya nini.

"Ya baa, ndugu yangu. Hata mimi nilimuuliza. Nikasema, mzee, ya baa? Akasema, 'Ndiyo, mwalimu. Kubaa. Kazi mzuri sana. Mtu akibaa mbaka juu kabisa, dunia yote naona dogo.' Mimi nikasema hapo ni kweli, hali hiyo naijua."

Hapo ndipo nilipomsikia Adeer kwenye ile simu iliyokwaruza, akilirudia neno langu mara mbili au tatu. Ulimi wetu, mnajua, hauna urafiki na *p*. Mimi mwenyewe nilijifunza kuitamka kwa jasho shuleni, na nikichoka inarudi kwao. Nilimpa mzee neno ambalo mdomo wake ungeligeuza kilabu.

Ingefaa niseme hapo hapo mimi ni nani. Lakini mnanijua. Nikamwomba aendelee.

Akaendelea. Alikuwa amefundishwa chuoni kuheshimu mila za wenyeji, kwa hiyo hakumkemea mzee. Alichofanya ni kulifundisha darasa la sita kipindi kizima kuhusu pombe na ini, katika mji usio na chupa moja. Kisha dhamiri ikamsumbua, akamuuliza Halima mwenye duka kama ingefaa kumshauri mwenyekiti. Halima akaziba mdomo kwa shungi. Jioni hiyo Halima alilitafsiri kwa Kisomali, na neno likaingia kwenye simu likaenda kokote penye mtandao.

"Mbaya zaidi," Mwalimu akasema, "kuna mtoto wa kaka yake, ana digrii, eti ndiye anamletea vitabu vya kazi hiyo. Msomi mpotovu kabisa."

Nikauliza kama angemtambua akimwona.

"Watu wa aina hiyo wanajulikana kwa macho."

Kuno, ambaye alinijua tangu Dadaab, alikuwa ameuma kitambaa chake cha shingoni asicheke. Nikaishusha katoni miguuni, nikaifungua, nikamwekea Mwalimu mapajani kitabu cha injini. Akakifungua. Akatazama bawa, akatazama mkia. Akasema polepole, "Kupaa." Kisha akasema tena, "Kupaa," na safari hii alishika kichwa kwa mikono miwili, na lori likaruka shimo akagonga paa.

Nikaanza kucheka, lakini yeye hakucheka. Akaniambia kilichonikata kicheko. Kabla hatujatoka Dadaab alikuwa amepigiwa simu kwamba Abti Dahir ameshafika Diff na wazee wawili na gari lake. Walikuwa wanamchukua Ifrah kumpeleka Hulugho, kwa bibi yake na ng'ombe, na wangeondoka jioni hiyo. Akishafika Hulugho, Nairobi basi. Na Ifrah hakuwa ameambiwa kwa nini, kwa sababu hakuna mtu Diff ambaye angelitaja neno hilo mbele ya binti.

Nikampigia Adeer, nikakuta mtandao umekwisha. Nikamwambia Kuno aongeze mwendo. Akaniuliza kama nataka awanyime watu maji. Mbele yetu palikuwa na punda wanne na mwanamke mwenye mtungi, akitungoja. Tukasimama.

Diff

Tulifika alasiri imesogea. Gari la Abti lilikuwa mlangoni, limegeuzwa uso kuelekea kusini. Mwalimu alisema atanifuata hadi ndani, na sikujua kama ni kwa ujasiri au ni kwa kutaka adhabu yake iishe mapema.

Wanaume walikuwa kwenye mikeka. Tukasalimiana kwa urefu unaotakiwa: amani, mvua, mifugo, amani tena. Nikapewa chai. Kikao kilikuwa kimeanza, na kilikuwa cha adabu kupita kiasi. Kila upande ulisema "kazi ile" na hakuna aliyeitaja.

"Seeddi," Abti Dahir akamwambia Adeer, maana kwetu hivyo ndivyo mashemeji huitana, "hatukuja kugombana. Tumesikia habari ya kazi ile, tumehuzunika."

Adeer akasema hakuna cha kuhuzunisha, ni kazi ya heshima. Watu wake huvaa sare safi.

"Sare," Abti akasema.

"Na wanaowahudumia ni watu wakubwa. Mawaziri. Mpaka mahujaji."

Mzee mmoja wa Hulugho akaweka kikombe chini. "Mahujaji?"

"Wote. Utafikaje Makka bila kupitia hapo?"

Mzee akasema astaghfirullah, akageukia ukuta. Nami, Mungu anisamehe, nilikuwa nimejaza chai mdomoni na nilishindwa kuimeza wala kuitema. Ningependa kikao kile kiendelee mpaka kesho. Halafu nikaona pazia la chumba cha ndani limesogea. Ifrah alikuwa amekaa juu ya mkoba uliofungwa, mikono magotini, macho mekundu. Alikuwa anasikia kila neno, na kwake yeye walichokuwa wanakikataa ni ndege.

Chai ikashuka yenyewe.

"Abti," nikasema, "kazi yenyewe ni diyaarad. Ni kutengeneza ndege."

Abti akanitazama, akamtazama Adeer, ambaye alishangaa kwamba kuna mtu alikuwa hajui hilo. Kisha Abti akafanya kile ambacho mtu wa ng'ombe hufanya mnyama akipotea: akaanza kufuata nyayo kurudi nyuma. Akamuuliza mzee wake nani alimwambia ni baa. Mzee akasema ni mkewe, aliyeambiwa na Halima. Halima akaitwa kutoka dukani, akaja na unga mikononi, akasema yeye aliambiwa na Mwalimu. Nyuso zote zikageukia mlangoni.

"Mwalimu," Abti akasema kwa Kiswahili, "wewe nani aliambia?"

Mwalimu Mutiso alimtazama Adeer, kisha akatazama miguu yake. Na hapo mimi niliona kilichokuwa kinakuja. Angejibu ukweli, na ukweli ni kwamba mwenyekiti wa wazazi, msemaji wa Diff, mtu anayeitwa kila serikali ikija, alikuwa amemtangaza binti yake baamedi kwa ulimi wake mwenyewe, mbele ya wakwe. Angenyamaza, na yeye ndiye angekuwa mwongo aliyemchafua binti wa watu, na angeondoka na lori lilelile lililomleta.

Pazia likafunguka. Ifrah akatoka, akapiga goti kwenye ukingo wa mkeka. Ndiye aliyesoma mashairi kwenye tamasha la shule na *p* zake zote mahali pake.

"Mwalimu," akasema kwa Kiswahili, kwa upole, "wewe ni mgeni, hukukosea. Ndege ikitoka chini ikienda juu, huku kwetu tunasema inabaa."

Akaweka kiganja mkekani, akakiburuza, akakiinua taratibu mpaka juu ya vikombe.

"Inabaa," akasema tena. "Ni Kiswahili cha Diff."

Mwalimu aliinua uso. "Kumbe," akasema. "Kwetu tunalitamka vingine. Kosa ni la masikio yangu."

"Inabaa," Adeer akathibitisha, kwa sauti ya mtu anayeeleza jambo lililo wazi. Kisha akanigeukia mimi, mwenye fasihi, ili nimalizie. Wakanitazama wote. Mnajua jinsi ninavyosahihisha watu. Nimewahi kumsahihisha imamu.

"Inabaa, Adeer," nikasema.

Abti Dahir alicheka kidogo sana, kwa pua, na nikadhani tumevuka. Kisha uso wake ukarudi kama ulivyokuwa.

"Basi ni afadhali ingekuwa baa," akasema. "Baa walau iko chini. Dada yangu aliniachia mtoto mmoja, na nyinyi mnataka kumweka angani."

Nikajua zamu yangu imefika. Nikafungua katoni. Nilikuwa na maneno mazuri kuhusu mbawa na uhuru wa nafsi, na nilikuwa nimeshashika kitabu cha mashairi, Ifrah akanipita akachukua cha ufundi. Akakifungua kwenye injini iliyopasuliwa, akakiweka mbele ya mjomba wake, akarudi kwenye Kisomali.

"Abti, mimi sipandi," akasema. "Wanaopanda ni wengine. Mimi ninabaki chini na spana. Wakiondoka nawatazama, na kazi yangu yote ni kwamba warudi."

Abti akainama juu ya mchoro. Akafuata bomba moja kwa kidole, kutoka linapoanza hadi linapoishia, kama mtu anayekagua mguu wa ngamia. Akauliza hili ni la nini, Ifrah akamwambia. Akauliza likiziba? Akamwambia. Akauliza nani hujua kwamba limeziba kabla watu hawajafa? Ifrah akajigusa kifuani.

Mimi nilirudisha mashairi katonini. Tasnifu yangu ina kurasa nyingi, na hakuna hata moja yenye fundi.

"Mkoba umeshafungwa?" Abti akauliza.

Ifrah akasema umefungwa.

"Usiufungue. Umefungwa vizuri. Utabadilisha njia tu." Akamgeukia Adeer. "Na wewe, seeddi, siku nyingine jambo zito kama hili niambie kwa Kisomali."

"Kiswahili ndicho cha ofisi," Adeer akasema.

Kuondoka

Abti alirudi Hulugho siku iliyofuata na vitabu vitatu vya hadithi. Alisema bibi yake Ifrah anapenda kusomewa, na kwamba atamtafsiria, lakini ataongeza chakula, kwa sababu alivipitia asubuhi akaona watu wote humo wana njaa. Sikumuuliza kama anafahamiana na askari yeyote.

Mimi na Ifrah tulipanda lori la Kuno, tupu sasa, linarudi Dadaab kuchota. Mji mzima ulikuja sokoni kutuaga, na waliomshika Adeer mkono muda mrefu walikuwa wanamshika tena, safari hii wakicheka, na yeye hakuona tofauti. Ifrah alikaa dirishani. Nilimuuliza chini kwa chini kama hakuona uchungu kuiharibu *p* mbele ya mwalimu. Akaniambia *p* iko nzima, amekwenda nayo, ila baba yake anabaki Diff na inabidi abaki na kitu cha kusema.

Kuno akawasha. Adeer akapanda juu ya gunia la mchele ili aonekane, akainua mkono, na kwa Kiswahili chake cha ofisi, kwa sauti ya kufika shuleni, akautangazia umati.

"Mtoto yangu anakwenda Nairobi kubaa!"

Watu wakapiga vigelegele. Kando ya duka la Halima alikuwa amesimama nesi mpya aliyeletwa na serikali asubuhi ile, bado ameshika sanduku lake, na nilimwona akigeuka, macho yamemtoka, akitafuta mtu wa kumuuliza kama amesikia vizuri. Lori lilikuwa limeshaanza kutembea. Nilichoweza kuona nyuma, kupitia vumbi, ni Mwalimu Mutiso akipenya katikati ya watu, ameshika shati lake lisifunguke, anakimbia kuelekea kwa yule nesi.